Bega la Carnotaurus

Katika mfululizo wa Prehistoric Planet, uliotoka mwaka 2022, dume la Carnotaurus linasafisha uwanja msituni. Linaondoa majani na matawi, na jike linapokaribia, dume linainua vijikono vyake na kuvizungusha huku na huku. Watoto hucheka sana wakifika hapo. Mimi hurudisha nyuma nikatazame bega.

Mifupa ya mnyama huyu ilichimbwa Chubut, nchini Argentina, mwaka 1984, na mwaka uliofuata mtafiti José Bonaparte akampa jina. Mkono wake ni wa ajabu: kigasha ni kifupi mno hata kiganja kinaonekana kuota karibu na kiwiko. Hauwezi kukamata windo. Lakini pale mkono unapoungana na bega, kichwa cha mfupa ni cha mviringo kama mpira, na mfupa wa namna hiyo hugeuka pande nyingi bila kizuizi. Mkono usioshika kitu unahitaji bega jepesi kiasi hicho kwa ajili gani? Watengenezaji wa filamu waliwatazama ndege, ambao ndio dinosaria waliobaki hai, kwa sababu madume wengi wa ndege huwachezea ngoma majike, na wengine husafisha uwanja kwanza. Tena mwaka 2016 mtafiti Martin Lockley na wenzake walieleza mikwaruzo mikubwa kwenye miamba ya Colorado, nchini Marekani, wakaona kuwa ni alama za dinosaria walao nyama waliokuwa wakitafuta wenza.

Ngoma yenyewe ya Carnotaurus haikuhifadhiwa na jiwe lolote. Ni dhana. Ila ni dhana yenye mfupa chini yake, na hapo ndipo ninapowavulia kofia mafundi hawa: hawaongezi kitu mpaka wamejiuliza mnyama angekitumiaje.

Hata mwendo hauchorwi kwa kubahatisha. Mwaka 1976 mwanasayansi R. McNeill Alexander alionyesha jinsi ya kukadiria kasi ya dinosaria kutokana na nyayo zake. Unapima urefu wa unyayo, unazidisha kwa takriban 4 upate kimo cha nyonga, kisha unapima hatua moja hadi nyingine. Matope yaliyokauka zamani hizo yanamwambia fundi wa kompyuta kama mnyama wake atembee au akimbie.

Mfululizo wa Walking with Dinosaurs wa BBC, wa mwaka 1999, ulikuwa na kazi nyingine ya subira. Wapiga picha walikwenda Chile, New Zealand na kwingineko wakapiga picha za mandhari tupu. Watu walitikisa vichaka na kurusha maji ili baadaye, mnyama atakapowekwa kwa kompyuta, nyasi ziwe tayari zimempisha. Ukiutazama leo utaona mengi ambayo elimu imeyasahihisha, lakini maji yale bado yanaruka kweli.

Na kabla ya kamera na kompyuta, yupo mwenye sururu. Kwa miongo mingi, sura ya Brachiosaurus ambayo dunia iliijua ilitokana hasa na mifupa ya Tendaguru, mkoani Lindi. Wajerumani walichimba huko kuanzia 1909 hadi 1913, na wapagazi wakaibeba mifupa kwa miguu hadi bandarini Lindi, mwendo wa siku kadhaa. Kiunzi kilichosimamishwa Berlin mwaka 1937 kina kimo cha zaidi ya mita 13. Siku hizi wataalamu wengi humwita mnyama huyo Giraffatitan.

Msimamizi wa wachimbaji wa Tendaguru alikuwa Boheti bin Amrani. Filamu za dinosaria hazina desturi ya kumtaja, na nadhani zingepaswa. Wanasayansi wamekwisha kumkumbuka: mwaka 2007 dinosaria mwingine mwenye shingo ndefu, aliyetoka Tendaguru hiyohiyo, alipewa jina la Australodocus bohetii kwa heshima yake.