Kitabu cha Nchi ya Mu na Vibao Visivyoonwa

Kuna kitabu kimoja kinachotembea mikononi mwa watu tangu mwaka 1926, na hata leo hakijakosa wasomaji. Kilitolewa New York na Mwingereza aitwaye James Churchward. Humo anaeleza habari za nchi kubwa ya Mu, iliyokuwa, asema yeye, katika bahari ya Pasifiki, yenye watu milioni 64 chini ya mtawala mmoja, mfalme na kuhani pamoja. Watu hao waliliheshimu jua kama mfano wa Mungu mmoja, na nchi yao ikaitwa Ufalme wa Jua. Halafu, yapata miaka elfu 12 iliyopita, yote ikazama majini.

Habari hizi zilitoka wapi? Churchward anajibu kwamba zamani, alipokuwa Uhindi, kuhani mzee wa hekalu moja alimtolea vibao vya udongo vilivyofichwa humo, akamfundisha kuvisoma. Hayo ndiyo maandiko matakatifu ya Mu. Lakini hekalu halitajwi jina, kuhani vilevile, na vibao hakuna mtu mwingine aliyeviona, wala wakati ule wala baadaye.

Nimekisoma chote, nami nakiri sikuchoka, maana mwandishi anajua kusimulia. Tena hamtukani Mungu. Anapenda kumtaja kuliko wengi. Ndiyo sababu Mkristo mwema aweza kukishika bila hofu, kisha akaja kumwuliza katekista wake: mbona mlitufichia haya? Basi tuyapime.

Vibao vinasimulia kuumbwa kwa ulimwengu kwa amri saba. Msomaji anatambua mara moja Kitabu cha Mwanzo kilichovikwa nguo nyingine. Lakini amri ya kwanza inazungumzia gazi zilizotawanyika, zikusanywe ili dunia ifanyike. Kisha gazi zinakuwa ngumu, nyingine zinageuka maji na hewa. Kuhani wa miaka elfu nyingi anasema kama mwalimu wa shule ya Ulaya wa karne ya 19! Andiko la kale kweli lina fikra za kale, na mara nyingi linatupa taabu kulielewa. Hili halitupi taabu hata kidogo.

Jambo zito zaidi ni hili. Churchward anashika neno la mtangulizi wake, Augustus Le Plongeon, kwamba kilio cha Bwana wetu msalabani si Kiaramu bali ni lugha ya Mu, na maana yake ni kwamba anazimia na giza linamfunika. Mateo na Marko wameandika maneno yale, wakayafasiri palepale, na kila padri anayajua katika Zaburi. Tukimfuata Churchward, sala ya Mwana kwa Baba inageuka kuwa malalamiko ya mtu anayekata roho. Hapo kitabu kimeacha kuwa hadithi ya kupumzisha jioni.

Na jina lenyewe, Mu, lilizaliwa wapi? Hapa yatupasa kuinamisha kichwa, maana lilitoka kwa padri. Charles-Étienne Brasseur de Bourbourg, Mfaransa, aliona huko Madrid kitabu cha kale cha Wamaya wa Amerika. Mwaka 1864 alikuwa amechapisha maandiko ya Diego de Landa, Mfransisko yule aliyechoma vitabu vya Wamaya huko Maní mwaka 1562, na ambaye hata hivyo alituachia orodha ya herufi zao. Brasseur akaishika orodha ile kama ufunguo, akaona alama mbili zinazofanana na M na U, akasoma habari za nchi iliyozama. Yeye aliiweka upande wa Atlantiki. Churchward akaihamisha mpaka Pasifiki, kana kwamba ni mzigo wa kupakia motokari.

Kosa lilianzia mbali. Landa alimwuliza Mmaya: B mnaiandikaje? Kwa Kihispania herufi hiyo inaitwa «be», basi yule akaandika alama ya sauti «be». Muulizaji alitaka herufi, mjibuji akatoa silabi. Mwaka 1952, huko Leningrad, Yuri Knorozov alionyesha kwamba ndivyo ilivyo, na tangu hapo vitabu vya Wamaya vilianza kufunguka. Kile cha Madrid hakina nchi iliyozama. Kina siku za ibada, mvua, uwindaji, na nyuki.

Mimi simcheki Brasseur. Mwaka 1855 alikuwa paroko wa Rabinal, Guatemala. Huko alijifunza lugha ya Wakristo wake, akaketi na mzee aliyeujua kwa moyo mchezo wa kale wa wababu, akauandika neno kwa neno jinsi alivyoambiwa. Kazi ile wataalamu wanaitumia mpaka leo. Padri ni yuleyule, bidii ni ileile. Ila Rabinal alikuwa na watu wa kumsahihisha, na mbele ya kitabu cha Madrid alikuwa peke yake. Churchward, yeye, hakutaka kabisa mtu wa kumsahihisha. Mchezo wa Rabinal unachezwa hata sasa mwezi wa kwanza, kwa sikukuu ya Mtakatifu Paulo, na akikosea mchezaji neno moja, wazee wapo wanasikiliza.