Ramani Isiyoonyeshwa: Waashi na Mustakabali katika Le città invisibili ya Italo Calvino

Italo Calvino alipochapisha Le città invisibili mwaka 1972, alimpa Marco Polo miji 55 ya kumsimulia Kublai Khan, na kila msomaji hutoka humo na mji wake. Mwandishi wa makala haya alishikilia Tecla kwa miaka mingi. Makala haya yanaeleza kwa nini ameuacha. Yanadai kwamba Tecla hausomeki vyema peke yake: ni mji wa tatu katika kundi la miji mitano linalohusu miji na anga, na maana yake hubadilika mara tunapousoma pamoja na Perinzia na Andria, inayoufuata katika kundi hilo.

Msafiri anayefika Tecla hauoni mji. Anaona wigo wa mbao, mapazia ya magunia, majukwaa ya ujenzi na ngazi. Watu wanapandisha ndoo na kuteremsha timazi. Akiuliza kwa nini kazi haiishi, huambiwa kwamba ujenzi ukikoma ndipo ubomokaji utakapopata nafasi ya kuanza. Haridhiki, anachungulia katika ufa wa wigo, na humo anaona winchi zinazoinua winchi nyingine na boriti zinazoegemeza boriti nyingine. Anataka kuonyeshwa ramani. Anaambiwa asubiri siku ya kazi iishe. Jua linapotua, anaoneshwa nyota.

Calvino hawapi waashi hawa jina, kiongozi wala kiapo. Hata hivyo, mwenendo wao ni wa chama cha siri: wamejizungushia wigo, wanajibu kwa kauli moja, na ramani yao ina saa maalumu ya kufunuliwa. Msomaji hushawishika kuamini kwamba watu wanaoficha hivyo lazima wana jambo wanalolijua. Usomaji huo ndio tunaoupinga.

Kiswahili kinatusaidia hapa kwa namna ambayo Kiitaliano hakiwezi. Kiitaliano hutenganisha progetto, mchoro wa kile kitakachojengwa, na mappa, picha ya nchi iliyopo. Kiswahili kina neno moja, ramani, linalobeba yote mawili. Mfasiri anaweza kuona huo kuwa upungufu. Sisi tunauona kuwa ufunguo wa kitabu, kwa kuwa Calvino mwenyewe anajitahidi kuuvunja mpaka huo. Atlasi ya Kublai Khan, katika masimulizi yanayoizunguka miji, ina miji iliyopo, na pia huonyesha umbo la miji ambayo bado haina umbo wala jina. Kwa mfalme, ramani ya dola yake tayari ni mchoro wa fundi. Swali linalobaki ni iwapo fundi anaweza kuusoma.

Perinzia unajibu kwamba hawezi. Wanafalaki waliitwa kuweka kanuni za kuujenga. Walichagua mahali na siku kwa kufuata nyota, wakaugawa kwa nyumba 12 za zodiaki, wakaahidi kwamba mji ungeakisi utaratibu wa mbingu. Mji ukajaa watu ambao msimulizi anawaita majitu ya kutisha, wengine wakifichwa na jamaa zao katika vyumba vya chini na vya darini. (Calvino anastahili lawama hapa: mwili wenye ulemavu umefanywa ushahidi wa hesabu iliyokosewa, na kejeli ya sura hiyo haitoshi kumwondolea lawama.) Wanafalaki wamebaki na njia mbili chungu: wakiri kwamba walikosea, au watangaze kwamba huo ndio utaratibu wa miungu.

Nyota za Perinzia ndizo nyota za Tecla. Ikiwa ramani ni ileile, basi tofauti kati ya miji hii ni kwamba mmoja ulimalizika na mwingine haujamalizika. Waashi wa Tecla hawana siri ya mustakabali. Wigo wao unawakinga na siku ambayo mtu atauweka mji karibu na mchoro na kulinganisha. Jibu lao la jioni, ambalo kwetu lilikuwa la kishairi, sasa tunalisikia pia kama jibu la mkandarasi anayemwambia mwenye nyumba arudi kesho.

Andria ndio unaotuvuta zaidi, ingawa hausifiwi kwa taswira kama ile ya Tecla. Barabara zake zimefuata njia za sayari. Mgeni anadhani wakazi hawathubutu kuhamisha hata jiwe. Wao wanamshangaa, kisha wanampeleka kuona bandari mpya ya mtoni, na jumba la michezo ya vivuli linalojengwa palipokuwa na banda la mbwa wa mji. Kila wanapobadili kitu chini, wanamweleza, kitu hubadilika juu. Kwa hiyo kabla ya kuamua lolote hupima hatari na faida kwao wenyewe, kwa mji na kwa malimwengu yote. Hapa hakuna ufa wa kuchungulia. Jengo ndilo linaloandika anga, na mjenzi hawezi tena kuelekeza kidole juu anapoulizwa habari za ramani.

Kwa mwanga huo tunaielewa pia Fedora, iliyo nje ya kundi hili. Katikati yake lipo jengo la madini lenye tufe la kioo katika kila chumba, na ndani ya kila tufe mna Fedora ambayo ingeweza kuwa. Kila mfano ulipitwa na mji ulipokuwa bado ukitengenezwa. Polo anamtaka Khan azipe nafasi katika ramani ya dola yake Fedora ya mawe na Fedora ndogo za vioo, kwa sababu zote ni dhana tu. Kiitaliano kinasema mappa mahali hapo. Mfasiri wa Kiswahili ataandika ramani, neno lilelile ambalo msafiri wa Tecla alilitumia alipodai kuonyeshwa.