Jean-Claude Carrière: Kalamu Nyuma ya Pazia

Tukitoka sinemani tunamtaja mchezaji, mara moja moja mwongozaji. Aliyeandika je? Hakuna anayemuulizia. Leo namleta kwenu Mfaransa Jean-Claude Carrière, aliyezaliwa mwaka 1931 na kufariki 2021.

Bwana huyu alianza na ndoto kama yetu: riwaya yake ya kwanza, Lézard, ilitoka mwaka 1957. Baadaye akahamia kwenye sinema. Na mwongozaji Luis Buñuel peke yake aliandika filamu sita, kati ya 1964 na 1977. Mwaka 2014 akatunukiwa Oscar ya heshima.

Wapo wenzangu wanaodai eti mwandishi wa filamu ni kibarua tu, uandishi wa kweli ni riwaya. Mimi ninayehangaika na riwaya yangu ya kwanza nawakatalia. Carrière alifananisha mswada na kiwavi: filamu ikikamilika, kiwavi hayupo tena, yupo kipepeo. Kuandika kitu ukijua kitapotea hivyo kunataka moyo, jamani!

Hebu tuchukue La Controverse de Valladolid, filamu ya televisheni ya 1992. Tuko Hispania, mwaka 1550. Wasomi wanabishana kama Wahindi wa Amerika ni watu kamili. Las Casas anawatetea, Sepúlveda anapinga. Ni maneno matupu, lakini moyo unakudunda. Mwishoni mjumbe wa Papa anaamua: ni watu. Unashusha pumzi. Papo hapo anatoa dawa ya upungufu wa wafanyakazi: wachukuliwe Waafrika.

Mwisho ule unakata kama wembe, nakubali. Ila hapo ndipo nina ugomvi naye. Waafrika walikwisha kupelekwa Amerika utumwani miaka mingi kabla ya 1550, na Las Casas mwenyewe aliwahi kupendekeza hivyo, kisha akajuta. Carrière ameukunja uovu wa miaka mingi akaufanya pigo la dakika za mwisho. Mtazamaji asiyejua historia atadhani yote yalianzia chumbani mle. Fani imeng'ara, maudhui yamepunjwa. Na sisi tunaingia hadithini kwa mlango wa nyuma, watu wakiwa wanajiandaa kuondoka.

Basi, vijana wenzangu, tujifunze kwake namna ya kufanya mabishano yatishe kuliko bunduki. Lakini yule Mwafrika aliyetajwa mwishoni bado anasubiri wa kumwandikia alichokuwa anakisema wakati wasomi wale wakibishana. Kazi hiyo tusimwachie Mfaransa.