Kula pamoja haitoshi: Ashutosh Varshney juu ya Wahindu na Waislamu

Kitabu cha Ashutosh Varshney, mwana wa India, juu ya Wahindu na Waislamu kilitoka mwaka wa 2002. Wengi wanauliza: sababu gani watu wanauana? Yeye anauliza: sababu gani kwingine hawauani, na dini ni zile zile?

Anatwaa miji miwili miwili. Aligarh na Calicut: katika kila muji Waislamu wanapita kidogo theluthi moja. Aligarh fujo inarudi kila mara, Calicut hapana. Calicut, jamaa 90 hivi kwa 100 walisema watoto wa dini zote mbili wanacheza pamoja. Aligarh ni 42 tu. Lakini mwandishi hatulii hapo, na hapa ndipo tunamusifu. Kusalimiana na kula pamoja kunatosha kwa kijiji (kati ya 1950 na 1995, waliouawa vijijini hawakufika hata 4 kwa 100). Muji mukubwa unaomba vyama: sendika, chama cha wachuuzi, chama cha kusoma, Muhindu na Muislamu wakiwa kwenye komite moja. Uvumi ukianza usiku, hao ndio wanaojua mulango gani wa kugonga. Lucknow, mufanyabiashara Muhindu anauza nguo zilizotariziwa na Muislamu. Duka likichomwa, wote wawili wanalala njaa.

Pale anapotuacha na kiu ni juu ya serikali. Paul Brass, aliyechunguza Aligarh miaka mingi, anasema fujo haianguki sawa mvua: kuna watu wanaoitayarisha, na wanapata faida ndani yake. Steven Wilkinson, mwaka wa 2004, aliongeza kwamba fujo inazimwa pale wakubwa wa jimbo wanapohitaji kura za walio wachache. Gujarat, mwaka wa 2002, watu zaidi ya 1.000 walikufa, wengi wao Waislamu. Polisi walikuwa wapi? Tena, ni vyama vilivyoleta amani, ao ni amani iliyoacha vyama vikae?

Hata hivyo, kuna neno moja lilituchoma. Varshney anasema chama cha watu wa jamii moja, hata kikiwa na nguvu namna gani, hakizuii damu. Mara ingine kinasaidia imwangike. Sisi kwenye komite yetu, wote tuko wa lugha moja ya mama. Mumoja wetu aliomba tuiruke hoja hiyo katika makala haya. Hatukuiruka.