Lafudhi kama Barakoa: Tahakiki ya Uigizaji wa Mzee Ojwang'

Uhakiki wa fasihi ya Kiswahili nchini Kenya umeshughulika zaidi na riwaya, ushairi na tamthilia zilizopigwa chapa. Mchezo wa kuchekesha wa redioni na wa televisheni, ingawa umewafikia watu wengi ambao hawajapata kununua kitabu cha tamthilia, umeachiwa waandishi wa magazeti. Makala haya yana nia ya kuziba sehemu ndogo ya pengo hilo kwa kumchunguza mwigizaji mmoja, marehemu Benson Wanjau, aliyejulikana kote nchini kwa jina la Mzee Ojwang'. Swali tutakalolijadili ni hili: je, mchezo unaochekesha kwa lafudhi ya kabila fulani ni lazima uwadhalilishe wenye lafudhi hiyo? Na kama si lazima, ni jambo gani katika sanaa ya mwigizaji linalozuia udhalilishaji huo?

Swali hili si la nadharia tupu. Sisi tunaofundisha Kiswahili hapa Machakos twalikuta darasani. Kikamba cha asili hakina sauti /r/ wala /sh/, na mwanafunzi anayezikosea sauti hizo mbele ya wenzake huchekwa kwa namna ambayo wenzake wamejifunza kutoka redioni na kwenye majukwaa ya vichekesho. Matokeo yake ni kwamba mwalimu mtarajiwa mwenye sarufi imara hunyamaza, na mwenye lafudhi nyepesi lakini sarufi dhaifu ndiye anayesikika. Yafaa pia tukumbuke kwamba jina la mji wenyewe ni zao la lafudhi. Machakos ni matamshi ya wageni waliposhindwa kutamka Masaku, jina la kiongozi wa Wakamba aliyeishi katika sehemu hizi katika karne ya 19. Kosa lao halikuchekwa. Liliandikwa katika ramani na likawa ndilo jina rasmi. Basi lafudhi haichekeshi kwa sababu ya sauti zake peke yake. Huchekesha kulingana na nani anaitamka, na nani mwenye uwezo wa kucheka.

Wanjau alifariki dunia mjini Nairobi tarehe 12 Julai 2015. Alikuwa na umri wa miaka 78. Sifa zake zilitokana hasa na michezo ya shirika la utangazaji la taifa, lililoitwa Sauti ya Kenya hadi mwaka 1989 liliporudishiwa jina la KBC. Katika mchezo wa Vitimbi, uliopata umaarufu tangu miaka ya 1980, yeye ndiye Ojwang' Hatari, mzee wa Kijaluo, mumewe Mama Kayai. Mama Kayai naye aliigizwa na Mary Khavere. Hivyo nyumba ya Wajaluo iliyojulikana kuliko zote katika televisheni ya Kenya ilijengwa na mume mwenye jina la Kigikuyu na mke mwenye jina la Kiluhya.

Tuitazame kwanza kazi hiyo kwa jicho la fonolojia. Dholuo haina sauti /sh/, /z/ wala /v/. Mzungumzaji wake aghalabu hutamka "samba" badala ya "shamba", na "sawadi" badala ya "zawadi". Kwa upande mwingine, Dholuo hutofautisha /r/ na /l/ vizuri kabisa, ilhali wazungumzaji wengi wa Kigikuyu huzichanganya sauti hizo wanaposema Kiswahili. Kwa hiyo Mgikuyu anayemwigiza Mjaluo hukabiliwa na kazi mbili kwa wakati mmoja: kuzipoteza tofauti ambazo mhusika hana, na kuzihifadhi zile ambazo mhusika anazo. Waigizaji wengi wa lafudhi hufanya kazi ya kwanza tu. Hukusanya makosa matatu au manne yanayojulikana na kila mtu, wakayarudia hadi hadhira ichoke. Ojwang' alidumu zaidi ya miaka thelathini kwa sababu alikuwa na mfumo mzima wa usemi, pamoja na kiimbo, mapumziko, na ile hali ya kuikawiza sentensi kama mzee anayetaka asikilizwe. Mtazamaji hakuona kwamba anaigiza lafudhi. Aliona mtu anasema.

Matumizi ya lafudhi katika vichekesho yana historia ndefu duniani. Katika commedia dell'arte ya Italia, iliyostawi kuanzia karne ya 16, Pantalone alisema lahaja ya Venezia, Dottore akasema ya Bologna, na Arlecchino akahusishwa na Bergamo. Kila mmoja alivaa barakoa ya ngozi, na lahaja yake ilikuwa kama barakoa ya pili. Henri Bergson, katika kitabu chake juu ya kicheko cha mwaka 1900, alidai kwamba twamcheka binadamu anapotenda kama mashine, yaani anapopoteza ule wepesi wa kiumbe hai. Dai hilo latusaidia kutenganisha aina mbili za vichekesho vya lafudhi. Kuna lafudhi inayomfanya msemaji kuwa mashine: kila akifungua kinywa sauti ile ile hutoka, na hana jingine. Na kuna lafudhi inayovaliwa na mtu ambaye chini yake aendelea kutaka, kuogopa, kudanganya na kuaibika kama watu wengine.

Twaweza kuzipima aina hizi kwa njia nyepesi. Uchukue mchezo, uiondoe lafudhi, uuandike upya kwa Kiswahili sanifu, kisha utazame ni nini kilichobaki. Katika vichekesho vingi vya siku hizi hakibaki kitu. Katika Vitimbi hubaki kisa kamili: mzee anayejiita Hatari lakini asiyemtisha mtu, mwenye nyumba anayetoa amri ambazo mkewe huzipangua, mtu anayepanga hila kisha akanaswa nayo. Hapo Ojwang' ni jamaa wa Pwagu na Pwaguzi wa Radio Tanzania, ambao walichekesha kwa ujanja wao wala si kwa makabila yao, na ambao majina yao yametoka katika methali isemayo kwamba pwagu hupata pwaguzi.

Mtu aweza kupinga hoja hii. Aweza kusema kwamba, ikiwa kisa chasimama bila lafudhi, basi lafudhi ni pambo lisilo na dhima, na kuitumia ni kutafuta kicheko cha bei rahisi. Pingamizi hili ni zito, na jibu lake limo katika mpangilio wa wahusika. Tulinganishe na Vioja Mahakamani, mchezo mwingine mashuhuri wa shirika lilo hilo. Mazingira yake ni korti. Kwa kawaida hakimu na kiongozi wa mashtaka husema Kiswahili kinachokaribia usanifu, na washtakiwa ndio wenye lafudhi nzito. Mchezo unapoendelea hivyo, hadhira hufundishwa, hata bila mtunzi kukusudia, kwamba usanifu ni wa wenye mamlaka na lafudhi ni ya wakosaji. Vitimbi haina kiti cha hakimu. Mazingira yake ni ya nyumbani na ya mtaani, ambako wahusika wengi wana lafudhi zao, na hakuna mmoja aliyewekwa awe kipimo cha wengine. Ojwang' hushindwa kwa sababu ya majivuno yake, wala si kwa sababu amesema "samba". Dhima ya lafudhi, basi, ni kumweka mhusika katika Kenya inayotambulikana, ambamo Kiswahili ni lugha ya pili ya wengi na bado ni lugha yao.

Jambo la pili linalompa Ojwang' uzito ni jina. Wagikuyu na Wajaluo wamegombanishwa na siasa mara nyingi: baada ya kuuawa kwa Tom Mboya mwaka 1969, na tena katika ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007, ambazo Tume ya Waki ilihesabu vifo vyake kuwa 1,133. Katika miaka hiyo ya pili, jina na lafudhi vilitosha kumponza mtu njiani. Wanjau alikuwa amekwisha kuitwa Ojwang' na taifa zima kwa zaidi ya miongo miwili. Hatusemi kwamba mchezo wa televisheni ulizuia panga hata moja. Twasema kwamba uigizaji wake ulithibitisha jambo ambalo siasa ililikana, yaani kwamba lafudhi ni kitu kinachoweza kujifunzwa, kuvaliwa na kupendwa na mtu aliyezaliwa nje yake.

Je, ni lazima mwigizaji awe mgeni katika lafudhi ndipo aitendee haki? La. Daniel Ndambuki, mwana wa Ukambani, alimjenga redioni mhusika Mwalimu King'ang'i katika kituo cha Classic 105, akitumia lafudhi ya kwao. Mwenye lafudhi ana ruhusa ambayo mgeni hana, lakini ruhusa hiyo ina hatari yake: wasikilizaji wa makabila mengine huichukua lafudhi wakamwacha mhusika, na wanafunzi wetu ndio wanaolipa gharama. Redio huzidisha hatari hiyo, kwa kuwa hapo hakuna uso wala mkono wa kuikamilisha sauti. Mtu mzima apaswa kuingia katika matamshi peke yake.

Limebaki suala la utunzi. Mchezo wa aina hii hauishii katika maneno ya karatasini. Mwigizaji huongeza, hupunguza na hugeuza, hata ikawa haki kumwita mtunzi mwenza. Tena wasomi wetu wamekwisha kukubali kwamba mtambaji wa ngano ni msanii wa fasihi simulizi. Hakuna sababu ya kumnyima Wanjau hadhi hiyo kwa kuwa alitamba mbele ya kamera. Kwa hiyo twapendekeza kwamba idara za Kiswahili za vyuo vikuu vyetu zishirikiane na KBC katika kunukuu kanda za Vitimbi kwa maandishi ya kifonetiki, kila usemi ukitajiwa mwigizaji wake. Kanda huchakaa, na waliokuwapo studioni wanazeeka. Aidha, nukuu hizo zifundishwe katika somo la fonolojia na katika somo la tamthilia, ili mwanafunzi wa Machakos asikie kwamba lafudhi imewahi kubeba mhusika mkuu, kisha atumie sauti yake mwenyewe kujibu swali darasani.