Urithi wa Karama

Karama ni mtu wa kubuniwa. Shaaban Robert alimwumba katika Kusadikika (1951), hadithi ya nchi inayoelea angani. Kosa lake ni kutaka watu wafundishwe sheria. Wanafunzi wangu walimsifu kwa ufasaha. Mimi namsifu kwa kuwakumbuka wajumbe sita walioleta maarifa wakatupwa gerezani. Lakini kitabu kina dosari: mtetezi huyu wa sheria anaokolewa kwa hiari ya mfalme. Desemba 2000, hapa Kilosa, watu 38 waliuawa Rudewa Mbuyuni katika ugomvi wa wakulima na wafugaji. Hiari ya mkubwa haikuwakinga. Kutoka Mikumi hadi Rudewa, darasa la Karama bado linasubiri kufunguliwa.