Himaya ya Watu Huru: Sauti na Ukimya katika Mjadala wa Mytilene wa Thucydides

Ikisiri

Makala haya yanahakiki mjadala wa Mytilene uliomo katika kitabu cha tatu cha historia ya Thucydides kuhusu vita baina ya Athene na Sparta. Mjadala huo umezoeleka kusomwa kama pambano kati ya ukatili wa Cleon na utu wa Diodotus. Makala yanadai kuwa wasemaji wote wawili wanaufukuza utu katika hoja zao, na kwamba mwandishi ameihifadhi huruma mahali pasipo na hotuba, yaani katika safari ya merikebu mbili. Aidha, yanachunguza jinsi maneno ya Kiswahili mchango, kodi, himaya na raia yanavyoweza kulifunua jambo ambalo msamiati wa Waathene wenyewe ulilifunika.

1.0 Utangulizi

Mwaka 427 KK, mkutano mkuu wa wananchi wa Athene uliamua kwa kikao kimoja kwamba wanaume wote wazima wa mji wa Mytilene, katika kisiwa cha Lesbos, wauawe, na wanawake na watoto wafanywe watumwa. Merikebu ikatumwa kupeleka amri hiyo kwa jemadari Paches, aliyekuwa ameuteka mji. Kesho yake watu walewale walikutana tena, wakasikiliza hotuba, wakainua mikono, na kwa tofauti ndogo mno wakautangua uamuzi wao wa jana.

Hakuna mfalme katika kisa hiki. Aliyetoa hukumu ya kifo kwa mji mzima ni umma: wakulima, mafundi, wapiga makasia na wenye mali waliokuwa na haki sawa ya kusema na ya kupiga kura. Tangu mageuzi ya Cleisthenes ya mwaka 508/507 KK, umma huo ulikuwa umejijengea taasisi zake: baraza la watu 500 walioteuliwa kwa kura ya bahati nasibu, mahakama za wananchi, na majemadari kumi wa kuchaguliwa kila mwaka. Ndiyo maana kisa cha Mytilene kinamsumbua msomaji kuliko visa vya madhalimu. Dhalimu huhukumiwa kwa urahisi, lakini mkutano wa watu huru unaoketi kuamua uhai wa watu wengine unadai usomaji wa namna nyingine.

Thucydides mwenyewe aliwahi kuwa jemadari wa mji huo, akahamishwa kwa miaka 20 baada ya kushindwa kuuokoa mji wa Amphipolis mwaka 424 KK. Kuhusu hotuba zilizomo katika kitabu chake, anakiri kwamba aliwapa wasemaji maneno yaliyoifaa hali yao, huku akijitahidi kutoiacha maana ya jumla ya yale yaliyosemwa kweli. Hotuba hizo basi ni utungo na ni ushahidi kwa pamoja, na mhakiki wa fasihi ana haki ya kuziingia kama anavyoingia mazungumzo ya tamthilia. Wasomaji wa Kiswahili wamekwisha kukutana na jukwaa la Wagiriki kupitia Mfalme Edipode, tafsiri ya Samuel Mushi ya tamthilia ya Sophocles iliyotoka mwaka 1971. Katika kitabu cha Thucydides, jukwaa ni kilima cha Pnyx, na hadhira ndiyo inayotoa hukumu.

2.0 Mchango uliogeuka kodi

Umoja uliokuja kuwa himaya ya Athene ulianza mwaka 478/477 KK kama mapatano ya hiari dhidi ya Uajemi. Miji mingine ilitoa merikebu, mingine ilitoa fedha. Makadirio ya kwanza, kwa mujibu wa Thucydides, yalikuwa talanta 460, na hazina iliwekwa katika kisiwa kitakatifu cha Delos. Naxos ilipotaka kujitoa ilizingirwa na kurudishwa kwa nguvu. Mwaka 454 KK hazina ilikuwa imekwisha kuhamia Athene, na sehemu moja kati ya sitini ya kila malipo ilitengwa kwa ajili ya mungu wa kike Athena na kuorodheshwa juu ya mawe, ambayo vipande vyake vinasomeka hadi leo.

Malipo hayo yaliitwa phoros, neno litokanalo na kitenzi chenye maana ya kuleta au kubeba. Kwa Mgiriki, neno lilikuwa lilelile mwanzo na mwisho. Kiswahili hakimruhusu mfasiri kukaa kimya namna hiyo. Ama ataandika mchango, neno linalobeba hiari na usawa wa wanaochangiana, ama ataandika kodi, neno linalomtambulisha anayedai na anayedaiwa. Akiandika kodi tangu ukurasa wa kwanza, amehukumu mapema. Akishikilia mchango hadi vita vya Mytilene, amewasaidia Waathene kuficha. Inampasa abadili neno mahali fulani katikati ya kitabu, na kuchagua mahali hapo ni tendo la uhakiki. Inafaa kukumbuka kwamba Waathene wenyewe walikuja kuliona tatizo hilo. Walipounda umoja mpya miaka mia moja baada ya ule wa kwanza, neno phoros lilikuwa limechukiwa kiasi kwamba waliliacha na kuyaita malipo syntaxis, jina lililo karibu zaidi na mchango.

Neno himaya lina mafumbo zaidi. Kwa asili yake ya Kiarabu ni ulinzi, na ndivyo lilivyotumika pwani ya Afrika Mashariki Zanzibar ilipowekwa chini ya himaya ya Uingereza mwaka 1890. Katika matumizi ya leo, neno hilohilo linataja pia dola kubwa inayotawala mataifa mengine. Mlinzi na mtawala wamekaa katika neno moja, na anayelitumia hana budi kusikia sauti zote mbili. Hii ndiyo hoja yenyewe ya Athene: tuliwakinga na Mwajemi, kwa hiyo tunastahili kuwatawala. Kigiriki kilikuwa na neno symmakhia kwa ushirika wa vita na neno arkhe kwa utawala, na wasemaji wa Athene waliruka kutoka moja hadi jingine kadiri ilivyowafaa.

Kuhusu raia, neno hili limesafiri njia ndefu. Asili yake ni kundi linalochungwa, watu walio chini ya mtawala, na kwa kipindi kirefu lilidumu na maana hiyo kabla ya kuwa jina la heshima la mwananchi mwenye haki zake. Kwa hiyo sentensi kama "raia wa Athene waliwahukumu raia wa Mytilene" ni sahihi kwa sarufi na inapotosha kwa maana, kwani raia wa kwanza ni wa maana mpya na raia wa pili ni wa maana ya kale. Kigiriki kiliwaita watawaliwa hypekooi, wanaosikiliza kutoka chini. Mytilene ilikuwa bado haijafika huko kabisa: pamoja na Chios, kisiwa cha Lesbos kilikuwa miongoni mwa wachache waliobaki na merikebu zao wenyewe. Uasi wao wa mwaka 428 KK ulikuwa wa watu walioona zamu yao inakuja.

3.0 Cleon na Diodotus

Thucydides anamtambulisha Cleon kuwa mkali kuliko wananchi wote na, kwa wakati ule, mwenye kusikilizwa zaidi na umma. Ni utambulisho wa chuki, na mhakiki hana sababu ya kuuamini wote. Hata hivyo, hotuba aliyopewa ina akili nyingi. Anaanza kwa kusema kwamba demokrasia haiwezi kuwatawala wengine, kwa kuwa watu wanaoishi bila kuogopana nyumbani hudhani kwamba na washirika wao wako vivyo hivyo. Anawakumbusha kuwa utawala wao ni udhalimu juu ya watu wasiotaka kutawaliwa. Anawashutumu kwa kuhudhuria siasa kama watazamaji wa mashindano ya ufasaha. Kisha anataja maadui watatu wa himaya: huruma, starehe ya maneno na uungwana.

Shutuma ya Cleon inamgusa pia msomaji, ambaye naye anastarehe na maneno. Zaidi ya hayo, Cleon anaposhambulia ufasaha, anafanya hivyo kwa ufasaha uliopangwa kwa jozi za kinyume na mizani ya sentensi. Ni msemaji anayekata tawi alilokalia, na mwandishi anajua hivyo.

Diodotus hatajwi mahali pengine popote katika kitabu. Anatokea, anasema, anatoweka. Jibu lake huhesabiwa kuwa sauti ya utu, lakini usomaji wa karibu hauiungi mkono rai hiyo. Diodotus hasemi kwamba ni dhambi kuwaua wasio na hatia. Anasema kwamba suala lililo mbele ya mkutano si haki bali ni faida, na kwamba mkutano si mahakama. Anaeleza kuwa adhabu ya kifo haijapata kumzuia mtu anayesukumwa na tumaini na tamaa, na kwamba mji utakaojua kuwa hauna nafasi ya kusamehewa utapigana hadi mwisho na kuacha magofu yasiyolipa chochote. Mwishoni anaongeza kwamba watu wa kawaida katika miji yote ni marafiki wa Athene, na kuwaua ni kuwatia mikononi mwa matajiri. Hata kama wana hatia, anasema, ni bora kujifanya hatujaiona.

Je, Diodotus anaamini hayo? Katikati ya hotuba yake ipo kauli inayolitia shaka kila neno lake: kwamba katika mji uliozoea kushuku, hata mwenye shauri jema hulazimika kudanganya ili aaminiwe. Akisadikiwa, basi huenda hoja ya faida ni vazi tu la huruma ambayo Cleon amekwisha kuipiga marufuku. Asiposadikiwa, hana jingine la kutoa. Thucydides hafungui fumbo hilo, na si kazi ya mhakiki kulifungua kwa nguvu. Linaloonekana wazi ni kwamba demokrasia iliyoelezwa hapa imefika mahali ambapo neno haki haliwezi kutamkwa na anayetaka kulitekeleza.

Katika yote haya, watu wa Mytilene hawasikiki. Mwaka mmoja kabla, Thucydides aliwapa hotuba ndefu huko Olympia mbele ya Sparta na washirika wake, wakajieleza kwa ustadi. Huko Athene wajumbe wao wapo; ndio waliohangaika na marafiki zao ili suala lifunguliwe upya. Lakini mlango wa hotuba umefungwa kwao. Umma wa mji wao, ule unaotetewa na Diodotus, ulikuwa umepewa silaha wakati wa njaa ya kuzingirwa, ukazitumia kudai nafaka igawanywe au mji usalimu amri. Tendo hilo moja la njaa ndilo Diodotus analigeuza kuwa ushahidi wa urafiki na Athene.

4.0 Merikebu mbili

Baada ya kura, mtindo wa maandishi unabadilika. Sentensi zilizojikunja za hotuba zinaisha, na masimulizi yanashika vitu vya kushikika kwa mkono. Merikebu ya kwanza imetangulia kwa takriban mchana mmoja na usiku mmoja. Wajumbe wa Mytilene wanawapa wapiga makasia wa merikebu ya pili divai na shayiri, na kuwaahidi zawadi kubwa wakiwahi. Wapiga makasia wanakula unga uliokandwa kwa divai na mafuta huku mikono yao ikiendelea kuvuta. Wanalala kwa zamu. Upepo hauwapingi. Merikebu ya kwanza, kwa upande wake, haina haraka, kwa kuwa inakwenda kufanya jambo la kuchukiza. Inafika kwanza, Paches amekwisha kuisoma amri na yu tayari kuitekeleza, ndipo ya pili inapotia nanga.

Hapo ndipo wajumbe wa Mytilene wanapopata nafasi, kwa chakula badala ya hotuba. Hapo pia ndipo huruma inaporudi, na inarudi kwa watu wa daraja la chini kabisa la merikebu. Mwandishi aliyewapa Cleon na Diodotus kurasa nzima hawapi wapiga makasia hawa neno hata moja. Wale wa kwanza hawakukataa amri. Walivuta polepole tu. Katika kitabu kizima ni vigumu kupata kielelezo kingine cha dhamiri kilichosimuliwa kwa uchache kama huu.

Lililoiokoa Mytilene ni kasoro ileile aliyoilaani Cleon: wepesi wa umma kubadili nia. Lakini kasoro hiyo haikuwa dhamana. Mwaka 416 KK, Athene iliwaua wanaume wazima iliowakamata katika kisiwa cha Melos na kuwafanya watumwa wanawake na watoto. Kuhusu Melos, Thucydides ametunga mazungumzo maarufu kati ya wajumbe wa Athene na wakuu wachache wa kisiwa, bila umma wa upande wowote kuwapo. Mjadala wowote uliofanyika Athene juu ya amri hiyo haukuandikwa.

5.0 Ardhi ya Lesbos

Wahakiki huishia kwenye merikebu, na kisa kinaonekana kimekwisha vyema. Thucydides anaendelea kwa aya moja kavu. Wale waliokuwa wamepelekwa Athene kama viongozi wa uasi waliuawa wote, kwa pendekezo la Cleon; idadi iliyomo katika maandishi ni zaidi kidogo ya 1,000, ingawa baadhi ya wataalamu wanashuku kuwa wanakili waliikosea. Kuta za mji zilibomolewa na merikebu zake zikachukuliwa. Cleon basi hakushindwa kabisa, jambo ambalo sifa za Diodotus hulisahaulisha.

Badala ya kodi, ardhi ya Lesbos, isipokuwa ya mji wa Methymna ambao haukuasi, iligawanywa mafungu 3,000. Mafungu 300 yalitengwa kwa miungu. Yaliyobaki yalipewa Waathene kwa kura ya bahati nasibu, njia ileile iliyotumika nyumbani kuwapata wajumbe wa baraza. Wenyeji waliendelea kuilima ardhi hiyo na kumlipa kila mwenye fungu mina mbili kwa mwaka. Kwa mafungu 2,700, malipo hayo ni talanta 90, karibu moja ya tano ya makadirio ya kwanza ya umoja mzima. Kwa malipo haya mfasiri hahitaji kusitasita kati ya mchango na kodi: Kiswahili kina neno ijara, na wenye kulipa ni wapangaji katika mashamba yaliyokuwa yao. Aya hiyo haina hotuba, na hakuna mkutano uliosimuliwa kuwa uliijadili.